Kidole cha Ndrema

"Kilikuwa kimenyooka kama msumari," Bakoly alisema. "Wala si mimi peke yangu niliyekiona. Kanisa zima lilikiona."

"Na kanisa zima halikuwa na kingine cha kuona?" Razay akajibu. "Mwanangu anawaonyesha kwenye picha kilima chenu, mashamba yenu, mpaka ng'ombe wenu, nyinyi mkatoka na kidole."

"Kidole kilichoelekezwa kaburini, Mama Lanto. Kingeelekezwa kwa jogoo nisingefungua mdomo."

"Wewe? Usingefungua mdomo?"

Foleni ikacheka, kisha ikajutia kucheka. Tulikuwa bombani na ndoo zetu, tukijifanya tunatazama maji. Bomba la Ankadimena hutoa maji kwa kubembelezwa, kwa hiyo ugomvi ukianza pale hupata muda wa kuiva. Razay akasogeza ndoo yake maana zamu ilikuwa imefika. Bakoly akaivuta ya kwake pembeni haraka, kama mtu anayeondoa nguo safi karibu na masizi.

Ndoo ya Razay ikajaa. Kwetu ndoo ya kichwani haipandi peke yake. Aliye karibu hushika upande mmoja, wewe unashika mwingine, mnaguna pamoja, inapanda. Razay alisimama akatazama huyu na yule. Mmoja akakumbuka kufunga shuka lake upya. Mwingine akaona kitu angani. Basi akaishika kwa mkono, akaondoka nayo ikimgonga goti na kumlowesha sketi.

"Mwambie mwanao aifute hiyo picha," Bakoly alimtupia mgongoni. "Labda hapo mume wangu Tsimba atasikia."

"Afute nini? Mwenyewe keshafutika," Razay alisema, wala hakugeuka.

*

Ndrema, mumewe Razay, alichukuliwa na korongo mvua za mwisho zilipokuwa zinakatika. Korongo lenyewe si geni kwetu. Limekaa ubavuni mwa kilima, jekundu, kama mdomo ulioachwa wazi, na kila mwaka linakula kidogo. Asubuhi moja ya ukungu ukingo ulimeguka yeye akiwa juu yake. Wanaume walichimba mpaka kilima kikaanza kuwamwagikia wao, wakapanda juu, wakakaa kwenye majani, hakuna aliyemtazama mwenzake. Hatukumpata. Tulipata kofia yake ya ukindu, nayo ilikuwa imebaki juu, imekaa vizuri kabisa, kama iliyowekwa na mtu anayerudi sasa hivi.

Asiyeingizwa kaburini kwa wazee wake hana pa kukaa, na asiye na pa kukaa huzunguka. Waulize wenye nyumba za juu. Ndrema alikuwa na kikohozi chake, viwili vifupi kisha kimoja kirefu, kama mtu anayebisha hodi halafu anasukuma mlango. Kikohozi hicho kimesikika ukingoni asubuhi nyingi tangu mvua ziishe. Mbwa wa Tsimba akikisikia habweki, anasimama tu, masikio juu. Na Razay halali na mlango uliofungwa. Anasema komeo limeharibika. Fundi wa makomeo ni mtoto wa dada yake, anakaa nyumba ya tatu, na hajaitwa.

Dawa ya mambo haya ipo. Unachukua mkeka aliolalia marehemu na mto wake, unavifunga ndani ya sanda ya hariri kama unavyomfunga mtu, unavipitisha mlango wa kaburi huku ukimwita jina. Ndivyo walivyorudishwa wale waliofia vita vya ng'ambo, na hakuna aliyesikia tena habari zao. Bahati nzuri, kaburi la ukoo lilikuwa lifunguliwe Jumamosi ile, wazee wabadilishiwe sanda, ng'ombe wachinjwe, matarumbeta yapigwe. Bahati mbaya, likishafungwa halifunguliwi tena mpaka ipite miaka saba. Mwenye neno ni Tsimba, mume wa Bakoly, mtoto wa baba mkubwa wa Ndrema, ambaye sasa ndiye mkubwa wa ukoo. Na Tsimba alikuwa amekubali. Razay alikuwa ameshanunua sanda.

Halafu ikaja filamu.

Lanto, mtoto wa pekee wa nyumba ile, hupiga picha za harusi mjini, na anachopata kwenye harusi hukimalizia kwenye filamu zake mwenyewe. Ni fupi, za watu na ardhi yao, na hakuna anayemtuma. Moja aliipiga hapa kwetu mwaka jana, baba yake akiwa hai. Ilikwenda kwenye tamasha la mji mkuu, ikarudi na cheti na fulana. Maneno ya bombani yakasema imerudi na dola, na kwamba ndiyo maana Razay amebadilisha sufuria. Baada ya msiba Lanto akaona atufariji. Akaziba madirisha ya kanisa kwa mablanketi mchana mweupe, akatundika shuka, akatukaribisha.

Tulilia, sitaki kusema uongo. Ndrema alikuwa anatembea ukutani, mkubwa kama mlango, akikohoa. Akafika ukingoni mwa korongo, akageuka, akanyoosha kidole moja kwa moja kwenye kaburi la wazee. Picha ikahamia kwenye mawingu.

Kwetu kaburi halinyooshewi kidole. Unakikunja, unaonyesha kwa kifundo. Ukisahau, unakiuma papo hapo, wazee wanacheka, mambo yanaisha. Mtoto hulijua hilo kabla hajajua kufunga vifungo. Na pale kanisani tuliona kidole kimenyooka, tukangoja kiumwe, tukapewa mawingu.

Tsimba alisimama, akavaa kofia yake humo humo kanisani, akatoka. Kesho yake kikapu cha mchele ambacho Razay alikuwa amekitoa kwa ajili ya karamu kilikutwa kizingitini kwake, kimefunikwa vizuri, hakijaguswa hata punje.

"Aliyewanyooshea wazee kidole hawezi kwenda kulala nao," Tsimba aliwaambia watu. "Ndiyo maana ardhi ilimtaka."

Wengi wetu tukaona hilo ni jibu. Tangu mvua tulikuwa tunatafuta jibu.

*

Razay alipofika nyumbani na nusu ndoo, Lanto alikuwa jikoni akimwaga maji kwenye sufuria ya ukoko ili yachemke, wapate ya kunywa.

"Umelowa, mama."

"Nimeoga njiani." Akakaa kwenye kigoda, akaanza kukamua sketi. "Hebu niambie. Baba yako alikuwa msahaulifu?"

"Sana."

"Sana. Alisahau jembe, alisahau dawa, siku moja alinisahau mimi mnadani akarudi na mbuzi. Lakini kwenye kaburi? Yule alikuwa anakunja kidole hata akikuonyesha jua linakochomoza, kwa sababu kaburi liko upande huo. Sasa siku ile kilimpata nini?"

Lanto alikoroga sufuria isiyohitaji kukorogwa.

"Alikikunja," akasema.

"Wapi? Wote tumeona."

"Alikikunja mara ya kwanza. Kwenye kamera kikawa kinaonekana kama ngumi, kama anatishia mtu. Nikamwambia, baba, nyoosha, haieleweki. Akaniangalia. Akasema, kazi yako hii ina mambo. Akanyoosha. Na hapo hapo akakiuma, mama. Mpaka meno yakaacha alama."

Razay aliacha sketi. "Akakiuma."

"Akakiuma."

"Mbona sisi hatukuona?"

"Nilikata."

Maji yakaanza kuchemka. Ukoko ukabanduka chini ya sufuria, ukapanda juu.

"Tulipokuwa tunaipanga ile filamu mjini," Lanto alisema, "mwenzangu alicheka pale. Akasema huyu mzee anaonekana kama ana njaa, anakula kidole. Nikawaona watu wa tamasha wote wanacheka. Wanamcheka baba. Nikaikata pale kidole kiliponyooka, nikaunganisha na mawingu."

"Ulimwonea aibu."

"Nilikuwa namkinga."

"Baba yako alikuwa anaomba radhi kwa wazee wake," Razay alisema polepole, kama anayemfundisha mtoto njia ya dukani, "na wewe ukamkata katikati."

Lanto akainamia sufuria. Ana miaka thelathini na kitu, na pale jikoni alikuwa hajafika kumi.

"Basi kirudishe," mama yake akasema. "Hicho kipande ulichokata. Tundika tena shuka lako, tuwaite."

"Hakipo."

"Kimekwenda wapi?"

"Kadi za kamera ninazo mbili tu. Filamu ikiisha nazifuta, napigia harusi. Pale alipokuwa baba sasa kuna bibi harusi wa Moramanga anakata keki."

Razay akamtazama muda mrefu. Halafu, na hapa ndipo mtu anapojua kwamba mwanamke huyu hakuolewa na Ndrema kwa bahati mbaya, akacheka. Kilikuwa kicheko kifupi, kikavu, lakini kilikuwa kicheko. Akajifuta macho kwa kiganja.

"Na paka?"

"Paka gani?"

"Yule wako wa manyoya. Uliyekuwa ukimsogeza puani kwa baba yako, watoto wote wakitaka kumshika mkia. Yule kazi yake nini?"

Paka alikuwa kinasa sauti, kijiti chenye koti la manyoya la kuzuia upepo, kilichounganishwa na rekoda ndogo. Lanto alijua kilipo. Kilikuwa ndani ya begi lake, chini ya fulana ya tamasha, na tangu mvua hajakigusa. Kwenye harusi alikuwa akitumia kingine, cha kuazima.

"Kipo," akasema. "Sijafuta kitu. Sijasikiliza pia."

"Unamwogopa baba yako?"

"Nakiogopa kikohozi."

"Kilete," Razay akasema. "Nami nakiogopa. Tutakiogopa wawili."

*

Walikaa kichwa kwa kichwa, waya mmoja, kila mtu na sikio lake, kama wasichana wa shule. Nje ukungu ulikuwa umeshuka mpaka kwenye paa. Kwanza upepo. Halafu majani. Halafu kikohozi, viwili vifupi, kimoja kirefu, karibu kiasi kwamba Razay aligeukia mlango.

"Baba, nyoosha. Haieleweki." Ilikuwa sauti ya Lanto mwenyewe, ya mwaka jana, yenye haraka.

"Kazi yako hii ina mambo." Kisha Ndrema, mdomo umejaa kidole: "Haya, wazee wangu. Nimekiuma. Mnaniona? Ni huyu mtoto, si mimi." Na cheko lake, lile la puani.

"Baba subiri hapo hapo, nakwenda kuchukua betri." Hatua zikaenda mbali.

Lanto alikuwa ameiacha rekoda kwenye majani, inakwenda. Alikuwa hajui. Au alijua wakati ule, akasahau, kama mtu anavyosahau kuzima jiko.

Ndrema alibaki peke yake na kilima. Akakohoa. Halafu akaanza kuongea, kwa sauti ile ya chini tunayoitumia tukizungumza na waliolala.

"Afadhali amekwenda, kuna neno nataka kuwaambia. Ni habari ya Tsimba. Mfereji wake wa mpunga anaupitisha juu ya korongo, na maji yanaingia chini ya udongo. Mimi naona. Nyinyi mko karibu zaidi, mnaona kuliko mimi. Nikimwambia mbele ya watu atasema nauonea wivu mpunga wake. Mnamjua mdomo wake, na wa mkewe mnaujua. Basi nauziba mwenyewe, asubuhi, kabla hajaamka. Akiuzibua nitauziba tena. Mmoja wetu atachoka. Ila msimwaibishe. Sina mwingine wa kunifunga sanda siku yangu ikifika, mtoto huyu hata kamba ya viatu hajui kufunga."

Upepo tena. Hatua zikirudi. "Baba, ulikuwa unaongea na nani?"

"Na paka wako," Ndrema akasema, na sauti ikakatika.

Razay alichomoa waya sikioni, akaushika kiganjani kama kitu cha moto. Wote wawili walikuwa wanakumbuka jambo moja, maana kijiji kizima kinalikumbuka. Mwanzo wa mvua Tsimba alisimama juu ya shamba lake na jembe begani, akapiga kelele hadi sokoni zikasikika. Anayeuziba mfereji wangu ardhi immeze, akasema, imeze mpaka kucha. Tulicheka. Tsimba hulaani hata kuku.

Lanto akasimama. "Anajua."

"Hajui. Alikuwa hajui anamlaani nani."

"Sasa atajua. Kesho ukoo wote unakutana uwanjani kwake kugawana kazi za Jumamosi. Naunganisha hii na spika ya kanisa. Wasikie mpaka wanaouza mihogo barabarani."

"Kaa chini."

"Mama, mchele wetu ameurudisha mlangoni kama wa wachawi. Leo umebeba ndoo kwa mkono. Anasema baba alijitakia. Na mfereji ni wake, na laana ni yake."

"Umesikia baba yako alivyowaambia wazee?"

Lanto akaitazama rekoda.

"Kasema wasimwaibishe. Umesikia kwa sikio lako hili, mimi kwa langu hili. Au unataka kumkata tena?"

Lanto akakaa. Akasema, "Basi twende kwake tu, sisi wawili. Tumpigie mpaka pale baba anapouma kidole, nizime. Hilo linatosha kwa kaburi."

Razay alimimina maji ya ukoko kwenye vikombe viwili. "Tukifika tutaona," akasema.

*

Walimkuta Tsimba uwanjani, mbele ya nyumba, akikagua kamba za kufungia sanda. Ilikuwa saa ya chakula. Moshi ulikuwa unatoka mlangoni, na ndani Bakoly alikuwa akigonga mwiko kwenye ukingo wa sufuria. Mgeni kwetu hata wa kuuza chumvi huambiwa apite ndani. Tsimba aliwaonyesha kinu kilicholala ubavu.

"Kaeni hapo," akasema. "Ndani hakujafagiliwa."

Kugonga mwiko kukakoma. Kumwambia Bakoly kwamba kwake hakujafagiliwa ni jambo la kuvunja ndoa, lakini siku ile hakutoka kujibu.

Razay akakaa juu ya kinu. Lanto akabaki amesimama.

"Baba mkubwa, nimekuja kukwambia kosa ni langu," akasema. "Baba alikiuma kidole. Mimi ndiye niliyekikata kile kipande."

"Unakata, unaunga. Ndiyo kazi yenu." Tsimba alivuta kamba, akaipima kwa mikono. "Kama alikiuma, nionyeshe anavyokiuma."

"Picha nimeifuta."

"Ahaa."

"Sauti ninayo."

"Sauti hata kasuku anayo, mwanangu."

"Sikiliza kwanza, shemeji," Razay akasema. "Kisha utuambie kama ni kasuku."

Lanto akaiweka rekoda juu ya kinu, karibu na mama yake, akachomoa waya ili itoe sauti yenyewe. Ilikuwa kidude kidogo, huwezi kuamini mtu mzima anaenea ndani yake. Upepo ukatoka. Halafu kikohozi.

Mbwa alikuwa amelala kwenye jivu. Akainuka, akasimama, masikio juu. Kamba zikamponyoka Tsimba mkononi, akainama kuziokota, akachukua muda mrefu kuinuka.

"Haya, wazee wangu. Nimekiuma. Mnaniona? Ni huyu mtoto, si mimi." Na lile cheko la puani.

Lanto akabonyeza.

Tsimba alikuwa amegeuza uso upande wa kilima. "Ni yeye," akasema. Kisha, kwa sababu ni Tsimba, na hawezi kuacha jambo likapita bila kuligeuza tumbo na mgongo, akageuka. "Mbona umezima?"

"Imeishia hapo."

"Haijaishia hapo. Nimesikia anavuta pumzi ya kusema. Ndrema nimekua naye, tumelala blanketi moja, najua pumzi yake ya kusema." Akasogea. "Unakata tena. Kanisani ulikata na hapa unakata. Kuna nini mbele?"

Lanto akamtazama mama yake.

"Cha mbele si cha kwako, shemeji," Razay akasema. "Ni maneno yake na wazee. Wewe umetaka kidole, kidole umekisikia. Sisi tunataka mkeka uingie Jumamosi, basi. Mengine tuyaache yalale."

"Ananitaja?"

Razay akanyoosha sketi yake magotini.

"Ananitaja," Tsimba akasema. "Washa."

"Baba mkubwa, si lazima."

"Mimi ndiye mkubwa wa nyumba hii. Washa."

Lanto akawasha. Hatua zikaenda mbali. Ndrema akakohoa, kisha akaanza kuwaambia wazee habari ya mfereji. Hakukuwa na kitu kingine uwanjani ila ile sauti ya chini. Nauonea wivu mpunga wake. Mnamjua mdomo wake, na wa mkewe mnaujua. Nauziba mwenyewe, asubuhi, kabla hajaamka. Mlangoni, ndani ya moshi, palikuwa na mtu amesimama. Msimwaibishe. Sina mwingine wa kunifunga sanda.

Ilipofika kwa paka, ikakatika yenyewe.

Tsimba alikaa chini, juu ya udongo, mtu ambaye hatujawahi kumwona akikaa chini bila kutandikiwa. Kamba zilikuwa zimemzunguka miguuni.

"Nilikuwa nikifika naukuta umezibwa," akasema. Hakuwa anamwambia yeyote. "Udongo mbichi, majani yamepangwa vizuri. Nikajiuliza ni mwizi gani huyu anayefanya kazi safi hivi. Nauzibua. Kesho umezibwa." Akafuta pua kwa nyuma ya mkono. "Siku ile nilitangulia. Nilisema leo namwahi. Nikauzibua gizagiza, nikauachia maji yote. Nikiwa naondoka nikasikia kikohozi ndani ya ukungu, upande wa pili. Nikasema moyoni, kumbe Ndrema naye ameamka mapema. Nikarudi kunywa chai."

Lanto alikuwa ameshikilia rekoda kwa mikono miwili. Maneno yote aliyokuwa ameyapanga tangu kule jikoni, ya kumwangusha mtu huyu, alikuwa nayo bado mdomoni, na sasa hakujua ayateme wapi.

"Naendelea kukisikia," Tsimba akasema. "Kila asubuhi, Razay. Wengine wanasema wamesikia mara moja, mara mbili. Mimi sijakosa hata siku."

"Najua," Razay akasema. "Mbwa wako anasimama."

Tsimba alianza kukusanya kamba, moja moja, akizisokota kwenye kiganja. Alipomaliza ya tatu akauliza, bila kuinua uso, "Mkeka wake una urefu gani?"

Razay alipima hewani kwa mikono.

"Mfupi," akasema. "Miguu ilikuwa inatoka nje. Alikataa kununua mwingine."

"Alikuwa bahili tangu utotoni." Tsimba akapima kamba kutoka kifuani hadi ncha ya mkono, akafikiri, akaongeza kiganja kimoja. "Nitamwekea nafasi ya miguu. Nitamfunga mwenyewe. Asimguse mwingine."

Lanto akaingiza rekoda mfukoni. Razay akashika ukingo wa kinu, akataka kuinuka, waondoke kabla mtu hajabadilisha mawazo. Walikuwa wamepata walichokifuata. Hakuna aliyewaahidi zaidi ya hapo, na yeye hakuwa na nguvu ya kuomba zaidi ya hapo.

"Mnakwenda wapi?"

Alikuwa Bakoly, mlangoni, mwiko mkononi, macho mekundu, na safari hii si kwa ajili ya moshi peke yake. Mwanamke aliyemsimanga mwenzake bombani asubuhi ile, mbele yetu sote, alikuwa anatafuta neno na halipati. Akatazama kinu. Akamtazama mumewe pale chini. Kisha akasogea pembeni, akauacha mlango wazi.

"Ndani kumefagiliwa," akasema. "Kumefagiliwa tangu alfajiri. Mama Lanto, ingia. Lanto, mshike baba yako mkubwa mkono, muingie naye. Wali nimeshapakua."